Asili na Maana za Majina ya Watoto: Singida na Mlango wa Kituruki

Swali la asili ya jina la mtoto lina maswali matatu ndani yake. La kwanza ni la lugha: neno lililofanywa jina lilizaliwa katika lugha gani, na humo lilikuwa na maana gani. La pili ni la njia: lilipita kwa nani hadi likaifikia familia hii. La tatu ni la kusudi: aliyelitoa alitaka kusema nini. Majibu ya maswali haya mara nyingi hayafanani. Mtoto wa Ikungi anayeitwa Ramadhani ana jina la Kiarabu, lililopanda bara pamoja na misafara ya biashara na walimu wa chuo kutoka pwani, na huenda amelipata kwa sababu babu yake aliitwa hivyo, ingawa yeye mwenyewe amezaliwa katikati ya kiangazi, mbali na mwezi wa mfungo. Vitabu vingi vya majina, pamoja na orodha zinazosambazwa kwa simu, hujibu swali la kwanza tu, tena kwa neno moja, kisha humwacha msomaji aamini kwamba yote matatu yamejibiwa.

Mkoa wa Singida ni mahali pazuri pa kulichunguza jambo hili. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 2,008,058 katika mkoa huo, na lugha zao hazitoki katika mti mmoja. Kinyaturu, ambacho wenyewe hukiita Kirimi, pamoja na Kinyiramba, Kinyisanzu na Kigogo cha Manyoni, ni lugha za Kibantu. Kitaturu na Kibarabaig ni za Kiniloti. Upande wa Mbulu na Hanang wanaishi Wairaqw, ambao lugha yao ni ya Kikushi. Munguli, wilayani Mkalama, kuna Wahadza, ambao lugha yao yenye vidoko haijathibitishwa kuwa na ndugu popote duniani. Juu ya msingi huo yamekuja majina ya Kiarabu kwa njia ya Uislamu, ya Kiebrania, Kigiriki na Kilatini kwa njia ya misheni, ya Kiswahili kwa njia ya shule na siasa, na ya Kiingereza kwa njia ya kila kitu. Tabaka jipya kabisa ni la Kituruki.

Kituruki kilifika Singida kwa milango miwili. Wa kwanza ni wa chuma. Kampuni ya Yapı Merkezi ya Uturuki ndiyo iliyopewa ujenzi wa reli ya kisasa katika kipande cha Morogoro hadi Makutupora, chenye kilomita 422, kisha kipande cha Makutupora hadi Tabora, chenye kilomita 368. Makutupora hiyo iko wilayani Manyoni, kwa hiyo mafundi na wahandisi wa Kituruki waliishi na kufanya kazi ndani ya mkoa. Mlango wa pili ni wa sebuleni: tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti za Kiswahili. Waigizaji wanasema Kiswahili, lakini wahusika wanabaki na majina yao, na mama anayefuatilia hadithi kila jioni huanza kujiuliza Elif, Zeynep au Ömer ni majina ya aina gani, na kama mtoto anayetarajiwa anaweza kupewa mojawapo.

Jibu la haraka linalopatikana kwenye orodha ni kwamba hayo ni “majina ya Kituruki”. Neno hilo linafunika vitu visivyo vya asili moja. Hazina ya majina ya Uturuki ina visima vitatu vikubwa. Kuna maneno ya Kituruki chenyewe: Deniz ni bahari, Yıldız ni nyota, Yağmur ni mvua, Demir ni chuma, Sevgi ni upendo. Kuna maneno ya Kiajemi: Gül ni waridi, na Hürrem, jina la mke mashuhuri wa Sultani Süleyman aliyetawala kuanzia 1520 hadi 1566, linatokana na neno lenye maana ya mwenye furaha. Na kuna majina ya Kiarabu, ambayo ni mengi mno, kwa kuwa Waturuki ni Waislamu wa karne nyingi. Kwa hayo ya tatu, mkazi wa Singida ambaye ana Zainabu, Omari na Selemani mtaani kwake hana haja ya kuyatafuta mbali. Zeynep ni Zainabu. Ömer ni Omari. Süleyman ni Selemani.

Ulinganifu huo una kanuni zake, na kanuni ndizo zinazomwokoa mtu na kubahatisha. Kituruki hakipendi kumaliza neno kwa b au d. Hugeuza b kuwa p na d kuwa t. Kwa sababu hiyo Rajab ikawa Recep, Zaynab ikawa Zeynep, Ahmad ikawa Ahmet, Murad ikawa Murat. Kiswahili nacho hakipendi neno lishie kwenye konsonanti, lakini dawa yake ni nyingine: huongeza irabu. Hapo ndipo tunapopata Rajabu, Zainabu na Ahmadi. Kituruki kilipokea maneno mengi ya Kiarabu kwa kupitia Kiajemi, ambamo sauti za th na dh za Kiarabu zilikuwa zimekwisha kulainika kuwa s na z. Ndiyo maana Uthman anaitwa Osman na mwezi wa mfungo huitwa Ramazan. Pwani ya Afrika Mashariki ilisikia Kiarabu kutoka vinywani mwa Waarabu wenyewe na kwa masheikh wa hapohapo, nayo ikatunza sauti hizo: Athumani, Ramadhani. Katika jambo hili mzee Athumani wa Sepuka yuko karibu zaidi na Kiarabu kuliko Osman wa Istanbul. Herufi nazo zina mtego wake. Alfabeti ya Kilatini ambayo Uturuki iliianza mwaka 1928 huandika c kwa sauti ya j, ç kwa sauti ya ch na ş kwa sauti ya sh. Cemile ni Jamila, Ayşe ni Asha, Hatice ni Hadija. Anayesoma Cemile kama “Kemile” na kumwandikisha mtoto hivyo ameunda jina jipya, ambalo halimo katika Kituruki wala Kiarabu.

Kulinganisha lugha mbili zilizokopa kwenye kisima kimoja husaidia pia kutenganisha majina yaliyochanganyika kwetu. Asia ni mfano ulio wazi. Wasichana wengi wa Kiislamu nchini Tanzania huitwa hivyo, na watu wasiojua hudhani wamepewa jina la bara. Kituruki kina majina mawili tofauti: Asya, ambalo ni bara, na Asiye, linalotokana na Āsiya, jina ambalo mapokeo ya Kiislamu humpa mke wa Firauni aliyemwokoa Musa mtoni. Tahajia ya Kiswahili imeyafanya yafanane, lakini jina linalorithishwa katika familia za Waislamu wa Singida ni hilo la pili. Neema nayo inafundisha. Kwa Kituruki ni Nimet, kwa Kiarabu ni niʿma. Singida, Neema anaweza kuwa binti wa mwinjilisti wa Kilutheri au wa imamu, na asili ya neno haisemi lolote kuhusu dini ya nyumba. Kadhalika Asha, au Aisha, ni “anayeishi”, na mzizi wake ndio uleule uliotupa kitenzi ishi na nomino maisha. Hapa msemaji wa Kiswahili anabeba maana mkononi bila kujua.

Jambo jingine linalohitaji uangalifu ni tofauti kati ya jina la Kituruki na jina lililotoka katika nchi ambayo leo ni Uturuki. Tundu Lissu, mwanasiasa aliyezaliwa mwaka 1968 Mahambe, Ikungi, kwa ukamilifu huitwa Tundu Antiphas Mughwai Lissu. Antiphas ni Antipa wa kitabu cha Ufunuo, sura ya 2, shahidi aliyeuawa Pergamo. Mji huo leo unaitwa Bergama, nao uko magharibi mwa Uturuki. Lakini jina ni la Kigiriki, kifupisho cha Antipatros, lenye maana iliyo karibu na “badala ya baba”, na lilikuwapo huko takribani miaka elfu moja kabla Waturuki hawajaingia Anatolia kwa wingi, baada ya vita vya Manzikert vya mwaka 1071. Njia hiyohiyo imepita Nikolaus, kutoka kwa askofu wa Mira. Polikarpo, kutoka kwa askofu wa Smirna, ambayo sasa ni Izmir. Na Timotheo, kijana wa Listra. Paulo alizaliwa Tarso, lakini jina lake ni la Kilatini, nalo ni “mdogo”. Hakuna hata moja kati ya haya ambalo Mturuki wa leo angelitambua kuwa la lugha yake. Yalifika Singida kwa daftari la ubatizo, mikononi mwa mapadre wa Kikatoliki, ambao jimbo lao la Singida liliundwa mwaka 1972, na wamisionari wa Kilutheri: Wajerumani wa Leipzig waliotangulia Iramba kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, na Waaugustana wa Marekani waliochukua kazi hiyo katika miaka ya 1920.

Misheni haikuleta majina yaliyokamilika tu. Ilileta pia mbegu ambazo Wakristo wenyewe walizipanda upya. Kundi la majina yanayoanza na Eli linastahili kuangaliwa kidogo, kwa sababu limeenea sana kati ya Walutheri wa Kilimanjaro, Upare na Meru, na Singida lina mizizi ya kutosha. Eliya, Elisha na Elieza ni majina ya Biblia. Eli ndani yake ni neno la Kiebrania la Mungu, na maana zake ni, kwa kufuatana, Mungu wangu ni Bwana, Mungu ni wokovu, na Mungu ni msaada. Elibariki na Elifuraha hayamo katika Biblia yoyote. Yaliundwa Afrika Mashariki, kwa kuliunganisha Eli na neno la Kiswahili. Orodha zinazoliita Elibariki “jina la Kiebrania” zimekosea, na zinazoliita “jina la Kiswahili” nazo zimesema nusu. Tena bariki yenyewe imetoka Kiarabu, na Kiarabu na Kiebrania ni lugha ndugu zenye mzizi mmoja wa kubariki. Kwa hiyo Wakristo wa Tanzania, bila kukusudia, walilitengeneza tena jina ambalo Waebrania walikuwa nalo: katika kitabu cha Ayubu, baba yake Elihu anaitwa Barakeli, na maana yake ni kwamba Mungu amebariki. Vipande ni vilevile. Mpangilio ndio uliogeuka. Ubunifu huu wa wazazi na wainjilisti wa vijijini haujapewa heshima unayostahili katika vitabu vya majina.

Hatari kubwa kuliko zote katika upimaji wa asili ni maneno yanayofanana kwa bahati. Kaya kwa Kituruki ni mwamba, na ni jina la kiume. Kwa Kiswahili kaya ni watu wa nyumba moja, na kwa Wamijikenda ni makao ya kale yenye ngome ya miti. Maneno hayo hayajawahi kukutana. Deniz, bahari, linasikika kama Denis. Denis limetoka Ugiriki kwa mungu Dionysos. Ayla kwa Kituruki ni duara la mwanga linaloonekana kuuzunguka mwezi, lakini kwenye orodha nyingi limeandikwa kuwa la Kiebrania lenye maana ya mti, kwa sababu kuna neno la Kiebrania linalokaribiana nalo. Mzazi anayelichagua Ayla anapaswa kujua kwamba ana majina mawili yenye sura moja, na kwamba maana anayoipenda ni ya mojawapo.

Mtego huu uko hata kati ya lugha za nyumbani. Kamusi ya Kiswahili itamwambia msomaji kwamba tundu ni uwazi uliotobolewa. Tundu kama jina la mwana wa Ikungi lasomwa kwa Kinyaturu, na anayelitafsiri kwa Kiswahili anafanya kosa lilelile la anayelisoma Kaya la Kituruki kwa Kimijikenda. Mwigulu, jina la mwanasiasa wa Iramba Mwigulu Nchemba, linakaribiana sana na neno la Kisukuma ng'wigulu, yaani mbinguni, na mzizi wake umetapakaa katika Kibantu: kwa Kiganda mbingu ni eggulu, na juu la Kiswahili ni uzao wa mzizi huohuo. Mfano kama huu una uzito kuliko ule wa Kaya, kwa kuwa lugha zenyewe ni ndugu na majirani. Hata hivyo unaonyesha tu neno lilikotoka. Kwa nini mtoto fulani aliitwa hivyo ni habari ya nyumba yake.

Sauti za jina ni shahidi wa kwanza wa lugha yake, na Singida zinasema waziwazi. Majina yenye gh, kama Mughwai na Mghenyi, na yenye nkh, kama Nkhangaa, yanaelekeza Unyaturu. Mghenyi lina mzizi mmoja na mgeni la Kiswahili. Majina yenye sl, tl au qw yanaelekeza kwa Wairaqw. Kwa Wataturu na Wabarabaig kichwa cha jina hutaja jinsia: wanaume wengi ni Gida-, wanawake ni Uda-, na kinachofuata ndicho kinachobeba habari ya kuzaliwa kwa mtu huyo. Anayekutana na jina linaloanza na Gida katika daftari la shule ya Mkalama anajua mara moja lugha na jinsia, kabla hata ya kuuliza. Mpangilio huo ni wa Kiniloti.

Majirani wa magharibi nao wameacha alama. Wafugaji wa Kisukuma wamehamia Iramba na Itigi kwa vizazi kadhaa, na majina yao yamevuka mipaka ya kabila. Kulwa na Doto ni pacha, wa kwanza na wa pili, wawe wa kike au wa kiume. Shija ndiye anayewafuata pacha. Kashinje ni mtoto aliyetanguliza miguu. Majina haya hayachaguliwi kwa ladha: tukio la kuzaliwa lenyewe ndilo linaloyatoa, na mzazi hutii. Ndiyo maana Kulwa hupatikana sasa katika familia za Wanyaturu, Wanyiramba na hata za pwani, pasipo mtu yeyote kudhani familia hiyo ni ya Kisukuma. Kundi la pili ni la hali ya nyumba na majira: Mabula ni wa mvua, Mayala ni wa njaa, Makoye ni wa matatizo, Mihayo ni wa maneno yaliyosemwa juu ya wazazi. Kwa Kigogo njaa ni nzala, na Manyoni, ambako mvua ni chache na njaa kubwa ya miaka ya 1917 hadi 1920 bado inakumbukwa kwa jina lake la Mtunya, jina la mtoto lenye neno hilo linaweza kuwa kumbukumbu ya mwaka. Kiswahili kina safu yake: Masika, Mwamvua, Chausiku, Jumanne, Mwajuma, Tabu, Shida, Mashaka. Siku, saa, msimu na hali ya moyo vyote huandikwa juu ya mtoto.

Hapa Waturuki wanafanana na watu wa Singida kuliko orodha za majina mazuri zinavyoonyesha. Kati ya majina yao ya asili yamo Dursun, “abaki”, Durmuş, “amebaki”, na Yaşar, “anaishi”. Kwa kawaida yalitolewa katika nyumba zilizokwisha kuzika watoto. Yeter, “yatosha”, lilipewa binti wakati wazazi walikuwa wakingojea mvulana. Songül, “waridi la mwisho”, alitarajiwa kufunga kizazi. Tanzania ina Mwisho, na ina majina mengi yenye huzuni yanayotokana na vifo vya watoto waliotangulia. Mtu asiyejua sababu hiyo huona jina kama Shida au Tabu na kudhani mzazi alimchukia mwanawe. Kinyume chake ndicho kweli: aliyekwisha kuzika watoto wawili na kumwita wa tatu Mashaka alikuwa anamlinda, au anakiri hofu yake mbele ya majirani badala ya kuificha. Maana ya kamusi katika majina ya namna hii ni sahihi kabisa, na inapotosha kabisa.

Majina ya mizimu na mababu yanaliweka jambo hili mbele zaidi. Katika koo nyingi za kanda ya kati, mtoto hupewa jina la babu au bibi, wa upande wa baba au wa mama, na wazee hushauriana ni nani anayestahili kurudi. Mtoto akilia bila kukoma au akiugua, jina huweza kubadilishwa kwa kuaminiwa kwamba mwenye jina mwingine anadai nafasi yake. Katika hali hiyo maana ya neno imekwisha kufifia. Anayetajwa ni mtu. Wajukuu watatu wanaoitwa Njiku hawana maana tatu, wana babu mmoja. Ukiuliza nyumbani humo “jina hili lina maana gani?”, utajibiwa kwa kusimuliwa habari za mzee huyo, alikolima na alivyohama, na jibu hilo ni sahihi kuliko lolote litakalopatikana kwenye orodha.

Siasa na nyakati nazo zimeingia. Uhuru, Mapinduzi na Azimio ni majina yaliyobeba miaka ya 1961, 1964 na 1967, ingawa hutolewa hata sasa kwa kurithisha. Ndiyo maana tarehe ya jina na tarehe ya tukio lazima zitenganishwe: Azimio aliyezaliwa mwaka 1995 hakuzaliwa wakati wa Azimio la Arusha, bali ana mjomba aliyezaliwa wakati huo. Majina ya Kiingereza ya kizazi cha sasa, Happiness, Witness, Gift, Godlisten, yanahitaji uchambuzi wake yenyewe. Kwa hapa yatosha kusema kwamba mengi ni tafsiri ya majina yaliyokuwepo, Furaha na Zawadi, na kwamba Godlisten ni sentensi ya sala, si jina la Uingereza.

Utaratibu wa serikali hubadilisha sura ya jina mara ya mwisho. Uturuki ilipitisha sheria ya majina ya ukoo tarehe 21 Juni 1934, ikimtaka kila mtu ajichagulie jina la ukoo la Kituruki. Kabla ya hapo watu wengi walitambulika kwa jina lao na la baba. Kwa hiyo jina la ukoo la Kituruki linaweza kuwa chaguo la babu mmoja katika mwaka mmoja, na kulitafutia historia ya karne nyingi ni kazi bure. Tanzania haikufanya hivyo. Hapa mtoto huandikwa jina lake, la baba na la babu, na jina la tatu hubadilika kila kizazi, ingawa familia zilizosoma zimeanza kuligandisha. Matokeo yake ni kwamba majina matatu ya cheti huonyesha ukoo wa baba tu. Kwa Wanyisanzu, ambao ukoo wao hufuatwa upande wa mama, cheti hakitaji kabisa ukoo ambao mtoto anahesabiwa humo. Anayetaka kuujua lazima aulize kwa mama, kwa bibi mzaa mama na kwa wajomba.

Kazi ya kuandikisha ni ya RITA, wakala wa usajili wa serikali ya Tanzania, kwa msingi wa Sheria ya Usajili wa Vizazi na Vifo, na kwa watoto wa chini ya miaka mitano hufanyika karibu na wananchi, katika vituo vya afya na ofisi za kata. Huko ndiko tahajia hufungwa. Karani au muuguzi asiyezungumza Kinyaturu anasikia Mghenyi na kuandika Mgeni au Mgenyi. Jina la Kiiraqw lenye q huandikwa kwa k. Sauti ya kidoko ya Kihadza hudondoka tu, kwa kuwa tahajia ya Kiswahili haina alama yake. Tatizo hili si la Tanzania pekee. Herufi q, w na x hazimo katika alfabeti ya Uturuki ya mwaka 1928, na Wakurdi wa huko wamekuwa na taabu ya muda mrefu kuandikisha watoto wao kwa majina yenye herufi hizo. Kwa mpimaji, tahajia ya cheti ni ushahidi wa siku ya kuandikishwa, na si lazima iwe ushahidi wa sauti iliyotamkwa nyumbani. Ulinganisho wa cheti, daftari la ubatizo, kadi ya kliniki na jina analoitwa mtoto na bibi yake hutoa mara nyingi sura mbili au tatu za neno moja, na iliyo ya zamani zaidi ndiyo inayofaa kupelekwa kwa mtaalamu wa lugha.

Mpangilio mzuri wa uchunguzi, basi, huanza nyumbani na kuishia kitabuni. Kwanza aulizwe mtoaji wa jina au aliyekuwepo, kwa kuwa kusudi halina nakala nyingine popote: cheti hakina nafasi ya sababu. Kisha jina litamkwe na mzawa wa lugha husika, maana sauti na miundo kama Gida- na Uda- hutenga mti mmoja na mwingine. Baada ya hapo ndipo vitabu vifunguliwe. Kwa majina ya Kiswahili na ya Kiarabu cha pwani kipo kitabu cha Sharifa Zawawi cha majina ya Waswahili. Kwa mgawanyo wa lugha ipo Atlasi ya Lugha za Tanzania ya mwaka 2009, iliyotolewa na Mradi wa Lugha za Tanzania wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kwa Kituruki, taasisi ya lugha ya Uturuki, Türk Dil Kurumu, iliyoanzishwa mwaka 1932, ina kamusi maalumu ya majina ya watu, ambayo hutofautisha asili ya Kituruki, Kiarabu na Kiajemi kwa kila jina. Orodha isiyotaja lugha, au inayotaja lugha bila kutaja neno lenyewe katika lugha hiyo, haifai kutumika kama ushahidi.

Mzazi wa Manyoni anayemtaka binti yake aitwe Elif anaweza kwa njia hiyo kupata jibu lililokamilika. Neno ni alifu, herufi ya kwanza ya alfabeti ya Kiarabu, ileile ambayo watoto wa chuo huanza nayo. Kwa Waturuki umbo lake lililonyooka limekuwa sifa ya msichana mwembamba mrefu. Njia yake hadi Manyoni ni tamthilia au reli. Sehemu ya tatu, kusudi, itakuwa ni yake mwenyewe, na ndiyo anayopaswa kumweleza binti mapema.